Fundi Anayeamkia Simu

Fundi simu wetu wa soko la Kemambo huiamkia simu kabla ya mwenye simu. Ukimwekea mezani kitochi kilichochakaa, ile simu ndogo ya vitufe, dada huyu hukipokea kwa mikono miwili, hupuliza vumbi kwenye tundu la chaji na kusema, "Shikamoo." Hagusi kitu kabla hajanakili programu ya zamani ya simu hiyo kwenye kompyuta. Mafundi wengine huweka mpya na kuifuta ya zamani. Yeye anazo zote, hata za simu ambazo hazipo tena madukani. Waya ukishachomekwa anaufunika kwa kiganja usije ukachomoka, na ole wako utingishe benchi. "Nani kasogea?" atafoka, macho hayabanduki kwenye kioo.

Siku ya mnada wa ng'ombe Mzee Nchagwa alikuja amenuna. Fundi mwingine alikuwa amemwekea programu mpya. "Inapiga vizuri, lakini ule mlio wa zamani haupo. Ndio ng'ombe wangu wanaufuata nikiwaita." Sisi wa benchini tulicheka mpaka tukashika mbavu. Fundi hakucheka. Aliitafuta nakala aliyoitunza tangu mwaka juzi, akairudisha, kisha akaufungulia mlio mpaka ukafika barabarani.

"Zima, binti, zima!" Mzee aliruka.

Tulipogeuka, ng'ombe mwekundu ambaye Mzee alikuwa amemuuza asubuhi ile alikuwa mlangoni akiburuta kamba, na mwisho wa kamba yupo mtu aliyetoka kumnunua mnadani, anahema.

Fundi akamnyooshea mnunuzi mkono. "Lete na simu yako nikuwekee mlio huu."