Upande wa Jua wa Lile Jiwe

Msituni nyuma ya Buyangu, pale njia ya kuni inapokata kijito, kuna jiwe refu kupita mtu. Upande mmoja linatazama uwazi wenye jua. Upande wa pili mti mkubwa umeliegemea na jua halifiki kabisa. Akina mama wa kwetu walilitumia kama saa. Tangu adhuhuri unyevu ulikuwa unalipanda jiwe polepole kutoka chini, na ukifika alama ya tatu iliyochongwa, mvua ya jioni inaanguka. Sikumbuki siku hata moja jiwe lilipokosea.

Tena halikuwa saa tu. Ukiacha ndizi mbichi upande wa jua, ukaenda kuokota kuni, unarudi unakuta zimeiva na nyuki wamezijaa. Maziwa ukiyaficha upande wa kivuli Jumatatu, Ijumaa bado yana povu la kukamuliwa. Watu walisema siku zinakimbia huku na kulala kule, basi, wakaendelea kuongea habari za mahindi.

Kukhu, nyanya yangu, ndiye aliyenilea. Mwaka wa tisini na tatu, nikiwa kidato cha pili, baba yangu mdogo alitaka kukhu akakae naye Mautuma, kwa shamba lake jipya. Lori lilikuwa lije Jumapili baada ya kanisa. Jumamosi tukaenda kuni mara ya mwisho, na mimi nikabeba daftari langu ndani ya sweta.

Kukhu hakujua kusoma. Miaka yote alikuwa ananiuliza, "Hicho kitabu unaandikanga nini?" nami natazama chini. Mimi ni mtu wa haya. Hata darasani mwalimu akiniuliza jina langu sauti inapotea. Lakini humo daftarini kulikuwa na ukurasa mmoja ambao, akiondoka bila kuusikia, ningeubeba peke yangu maisha yote.

Tulipofika kwa jiwe nikamwambia leo nitamsomea. Akafurahi kama mtoto. Nikapangusa majani, nikamkalisha kivulini, nami nikakaa juani ng'ambo ya jiwe, kwa sababu kwetu huwezi kumwacha mzee aungue wewe umekaa penye baridi. Sikufikiria kingine. Nikafungua ukurasa wa kwanza na sikuinua macho tena.

Nilisoma yote. Nilisoma mpaka koo likakauka, mpaka vipepeo wakachoka kunizunguka. Nilipofika ule ukurasa nililia, nikausoma hivyo hivyo. Mwisho nikachungulia.

Mkono wake ulikuwa unapanda kuondoa jani lililoanguka kwenye kitambaa chake cha kichwa. Ulikuwa unapanda taratibu, kama moshi siku isiyo na upepo, na ulikuwa haujafika.

Nikamwita. Ikachukua muda sauti yangu kumfikia. Akageuka, akauliza mbona sianzi. Nikasema nimemaliza. Akasema yeye amesikia tu kitu kama nzi amepita sikioni.

Nilitamani ardhi inimeze. Ujasiri wangu wote nilikuwa nimeumwaga kwa jiwe. Kukhu akatazama kivuli chake, akatazama jua langu, akaelewa kabla yangu. Akashika goti, akasimama, akaja.

"Sogea," akasema.

Nikamwambia asikae huko, siku zitamkimbia. Nilikuwa nafikiria zile ndizi.

"Mimi nimeshaiva, mama. Nikiiva zaidi nitakuwa nini?"

Akakaa, bega lake kwa langu, lina harufu ya moshi na sabuni ya kipande. Sikuweza kurudia yote. Nikasoma ule ukurasa mmoja tu: siku ya wazazi, nikiwa kidato cha kwanza, kukhu alikuja shuleni bila viatu, na ndizi kichwani alizoniletea. Wasichana wakaniuliza yule ni nani. Nikasema ni mama wa kuuza ndizi. Kisha nikajificha nyuma ya maktaba mpaka jioni.

Nilipomaliza alikaa akitazama daftari kwa muda mrefu. Huko juani ulikuwa muda mrefu kweli. Maua ya njano karibu na miguu yetu yalifunga, yakafunguka tena.

"Nilikusikia siku hiyo," akasema. "Ulikuwa karibu tu. Wale wasichana wakaja kuniuliza ndizi ni ngapi."

"Ukawaambia nini?"

"Nikawauzia."

Nikamtazama. Alikuwa anacheka bila sauti, machozi yanashuka.

"Ningesema mimi ni kukhu wako, ungekuwa mwongo mbele ya wenzako. Niliuza zote. Yule mnene akasema nimuongezee moja."

Tulipoinuka, kucha zetu zilikuwa zimerefuka, na sketi yangu ilikuwa imepanda juu ya magoti kidogo. Unyevu kwenye jiwe ulikuwa bado kwa alama ya pili. Tukafunga mizigo, tukafika nyumbani kabla ya mvua.

Jumapili lori lilimchukua. Muhula uliofuata, siku ya wazazi, baba mdogo alimleta. Alikuwa bila viatu tena, na ndizi kichwani. Nilitoka darasani kabla ya mtu kuniuliza lolote. Nikapita katikati ya uwanja, wote wakiwa wanatazama, nikamtua ule mzigo. Sauti yangu ilitetemeka nilipomwita kukhu, lakini hata waliokuwa kwenye veranda walisikia.

Akaniuliza kwa kunong'ona kama leo tunauza.