Msiba Nyumbani kwa Theonest wa Redio

Theonest alikuja Temeke kutoka Bukoba, karani mwenye suti moja na sauti nzuri. Serikali ya Mwingereza ilipoanzisha redio, ikamchukua awe anazungumzia kazi, ujira na hali za wafanyakazi kila Jumamosi jioni. Tulikusanyika dukani kwa Taiyeb, mwenye redio ya betri, tukamsikiliza jirani yetu na maneno yake makubwa. Tulijivunia kupita kiasi. Hata watu wazima walimwamkia shikamoo, na umri wenyewe hana.

Kisha Pazi, kibarua wa bandarini, akaangukiwa na marobota ya katani, akavunjika kiuno. Walimrudisha nyumbani kwa mkokoteni bila hata senti, basi. Mkewe, Mwanabaraka, akaenda kwa Theonest.

"Shemeji, tusemee. Wakubwa wanakusikia wewe. Sie nani atatusikia?"

"Nitasema, dada. Jumamosi hii hii, na jina lake nitalitaja."

Jumamosi tukambeba Pazi na kitanda chake cha kamba mpaka barazani kwa Taiyeb. Mwanabaraka alijitanda khanga mpya. Theonest akaanza. Akasema kibarua wa mjini akiumia hana haja ya kutunzwa na serikali, maana Mwafrika ana shamba kwao na ukoo wa kumlea. Arudi kwao tu.

Kwao wapi? Pazi ni Mzaramo, kazaliwa hapo hapo, na nyumba aliyokaa Theonest ilijengwa juu ya shamba la baba yake!

Taiyeb akazima redio. Pazi akaomba arudishwe ndani.

Kesho yake Theonest akaja kujieleza. Mzungu wake wa redioni alikuwa ameyafuta maneno yake na kumwandikia mengine, angekataa, angefukuzwa.

"Ungekohoa basi, shemeji," Mwanabaraka akamwambia. "Ungenyamaza hata kidogo, tukajua."

Pazi akafa kabla ya mvua za vuli, na mtaa ukamsusia Theonest. Kwetu kumsusia mtu si kumtukana. Salamu unaitikia, akiomba moto unampa. Unangoja afiwe.

Akafiwa na mama yake, Bi Demetria, aliyekuja kutibiwa mjini. Mama wa watu hakuwa na baya. Alitugawia senene, wale panzi wa kukaanga wa kwao, tukacheka. Niliumia, nasema kweli, lakini sikutoka. Hakuna mwanamke aliyekwenda kupika wala mwanamume aliyeshika jembe.

Alfajiri Theonest akaenda bandarini, akachukua vibarua waliokosa kazi siku ile. Wakachimba bila neno, mpaka alipowaelekeza upana wa kaburi. Mmoja akaijua ile sauti, akainua kichwa.

"Wewe si ndiye yule wa Jumamosi?"

Kibarua akaweka koleo chini, wenzake wakamfuata, na shimo lilikuwa halijafika hata magotini. Theonest akavua koti, akaingia kuchimba.