Mjomba Hana Njaa

Kwao Siu-tin ndiye aliyezaliwa wa mwisho, na mpaka alipotimiza miaka sabini na tisa hakuna aliyewahi kumkaribisha kwenye kiti cha mbele. Aliuza keki za mchele sokoni Lok-kang, na mdomo wake ulikuwa mwepesi kuliko mikono. Utotoni, wanaume walipokula sebuleni, yeye na dada yake Siu-khim walisubiri makombo jikoni, na huko ndiko walikojifunza kucheka bila kutoa sauti.

Siu-khim akaolewa, akazaa wanaume watatu, akafariki. Wanawe, A-Khun, A-Bing na A-Sing, walishtakiana miaka kumi na mmoja juu ya shamba la mababu zao. Huyu anataka upande wa barabara, yule anataka upande wa mfereji, wa tatu anapinga tu kwa sababu wenzake wamesema. Hatimaye hakimu akachoka. Wasipopatana kufikia Alhamisi, alisema, kila kitu kitapigwa mnada. Kila kitu, pamoja na nyumba kongwe na sebule ya mababu, ambamo jina la Siu-khim liliandikwa kwenye kibao cha mbao, kile ambacho marehemu huwekewa chakula mbele yake. Siu-tin aliposikia hivyo aliziacha keki jikoni mpaka sufuria ikaungua.

Bahati nzuri, A-Sing, kitinda mimba mwenye miaka hamsini na miwili, akapata mchumba. Harusi ikapangwa Jumapili adhuhuri, kwenye ua ule ule wa ugomvi, meza thelathini chini ya turubai. Kwa desturi ya huko, harusini mjomba wa bwana arusi hukaa mbele, na hakuna anayeonja kitu kabla mjomba hajashika vijiti vyake vya kulia. Mjomba mwenyewe, kaka yake Siu-tin, alikuwa kaburini. Basi A-Sing akaja na kapu la matunda kumwomba mama yake mdogo akalie kiti hicho. Siu-tin alikubali haraka mno. A-Sing angekuwa mwerevu, angeshtuka.

Siku yenyewe, kabla ya kutoka, Siu-tin alishindilia bakuli mbili za uji wa viazi vitamu. Akavaa gauni la zambarau, akaketi. Wakaletwa kamba wakubwa waliopoa kwenye barafu. Akawatazama. Ikaja supu, nayo akaitazama. Watu mia tatu wakamtazama yeye.

"Mama mdogo, karibu chakula," alinong'ona A-Khun, mkubwa wao.

"Mama mdogo yuko wapi? Leo mimi ni mjomba. Na mjomba hana njaa."

Akatoa mkobani karatasi aliyoandikiwa na karani wa baraza la usuluhishi. Shamba lipimwe vipande vitatu, wapige kura ya bahati, kila mtu apate chake. Nyumba na ua vibaki vya wote, visiuzwe. A-Bing akasema mambo hayo yangoje Alhamisi. Siu-tin akamjibu kwamba hata yeye anaweza kungoja Alhamisi, kiti kilikuwa kizuri. Kicheko kilikuwa kinamtekenya mbavuni, akakibana kama zamani jikoni.

Mpishi mkuu akatoka na upawa mkononi kuuliza ni nani anayetaka kumharibia samaki. Mzee wa meza ya tisa akatangaza kwamba amepanda basi tangu alfajiri bila hata chai. Meza ya kumi wakaanza kugonga bakuli, watu wazima na suti zao. Bibi arusi, ambaye hakuwa amekula tangu jana ili gauni limkae, akamgeukia mumewe.

"Sing, weka sahihi, ama nirudi kwetu nikale."

Hakuna aliyekuja na muhuri, ambao huko ndio sahihi. Bibi arusi akafungua rangi yake ya mdomo, akampaka mumewe kidole gumba, naye akabonyeza. A-Bing akaponyokwa na kicheko. A-Khun akajaribu kukunja uso, akashindwa, akacheka mpaka akashika meza. Wakapakwa nao, wakabonyeza, vidole vyekundu.

Siu-tin akashika vijiti. Ua mzima ukashusha pumzi. Akachagua kamba mnono kuliko wote, akainuka naye, akaanza kutembea taratibu kuelekea sebule ya mababu, na meza thelathini zikaguna nyuma yake. Akamweka mbele ya kibao cha dada yake. Alikuwa analia, na anacheka, safari hii kwa sauti.

"Kula, dada," akasema. "Leo wao ndio wanaosubiri."