Wimbo wa Saba wa Kaka Clovis

Nilikuwa napiga pasi kanzu za kwaya nyuma ya kanisa, hapa Kasongo, Serge, mpiga tarumbeta wa kaka yangu Clovis, alipofika na pikipiki. Ilikuwa Jumamosi, saa nane mchana. Tarumbeta yake alikuwa ameifunga mgongoni kwa kitenge, na shati lake lilikuwa limekaukiwa na damu toka kola mpaka mkanda. Nikadhani ameanguka njiani.

"Umeumia wapi?"

"Hii si damu yangu, Yvette." Hakushuka. "Clovis amekufa. Wamemukata jana, ku njia ya Wamaza. Ni watu wa upande wa mama yenu."

Pasi ikabaki juu ya kanzu. Mpaka leo kanzu ile ina alama ya pasi kifuani, na mimi ndiye ninayeivaa.

Kaka yangu alikuwa fundi wa baiskeli, karibu na soko. Saksofoni aliyopiga ni ya fanfari, bendi ya matarumbeta ya parokia. Ngozi za vifuniko vyake zilikuwa zimeoza, akazikata nyingine katika mpira wa gurudumu, ndiyo maana sauti yake ilikuwa kavu na ya kukwaruza. Jazi aliijua kwa sahani moja ya santuri aliyoiacha padri mzee, ile jazi wenye ujuzi wanaiita hard bop. Mpiga saksofoni na mpiga tarumbeta wanaanza wimbo bega kwa bega, kisha kila mmoja anatoka peke yake kusema yake, huku ngoma zikimchokoza kutoka nyuma. Clovis alisema humo ndani anasikia ibada ya watu waliopigwa.

Sitamfanya mtakatifu. Alikuwa na hasira. Siku moja Faradji, mpiga besi wake, alichelewa mazoezini, Clovis akamtupia spana na kumvunja meno mawili. Kisha akakaa naye siku tatu akimnywesha uji. Tangu hapo Faradji aliwaambia watu, "Ukitaka kupiga besi kwa Clovis, leta meno ya akiba."

Albamu ya bendi yao waliiita Barabara ya Wamaza, nyimbo saba. Sita walizirekodi katika ukumbi wa parokia. Wa saba ulikuwa wa baba.

Baba yetu, André, alikuwa akipeleka samaki wa Nyangwe na chumvi mpaka Wamaza kwa baiskeli. Clovis alikuwa na miaka kumi na minne, akisukuma baiskeli kutoka nyuma, watu wenye bunduki walipowasimamisha kwenye kijito. Clovis alikimbilia majanini. Kutoka humo aliona baba akipigwa risasi amepiga magoti, mikono juu ya kichwa. Kijijini kwa mama, mjomba akapiga ngoma ya gogo, mti uliochimbwa ndani. Kule mtu akifa kitandani, gogo linataja jina lake na kuwaita watu waje kulia. Akiuawa, linapigwa mlio mwingine, wa haraka na mkavu, na maana yake ni hii: njoo na ulicho nacho mkononi. Siku ile wanaume walitoka mashambani na mapanga. Hawakumkamata mtu. Lakini mlio ule haukutoka tena ndani ya Clovis, na wimbo wa saba bila mlio ule kwake haukuwa wimbo.

Basi Ijumaa ile akaenda na Serge kurekodi kwa Bulaimu, mtoto wa mjomba, ambaye ndiye anayelitunza gogo sasa; Clovis alimwita Yaya, yaani kaka mkubwa. Serge alinisimulia jinsi walivyobishana.

"Ile haipigwe bure," Bulaimu alisema. "Mpaka mutu auawe."

"Baba hakuuawa?"

"Baba alishazikwa. Tulilia, tulinyoa, ikaisha."

"Kwangu haijaisha."

"Basi ngoja nitume watu wapashe vijiji habari. Tutapiga kesho kutwa."

"Kesho kutwa betri ya kinasa sauti itakuwa imekwisha. Yaya, tangu lini wewe unaogopa mti?"

Bulaimu alicheka, akachukua fimbo zake. Hilo ndilo kosa lao, la wote wawili, na Mungu analijua kuliko mimi.

Walipiga dakika tisa. Serge anasema hakuwahi kumsikia Clovis akipiga vile, mpaka midomo ikatoka damu. Kisha wakafunga vyombo, wakapanda pikipiki.

Juma lile wenye silaha walikuwa wamepora mashamba, na watu walikuwa wakilala na mapanga. Waliposikia mlio, wanaume wa kijiji jirani walikimbilia barabarani. Wakaona pikipiki inakuja mbio kutoka upande wa ngoma, wageni wawili, na mfuko mweusi mrefu mgongoni kwa Clovis, wakadhani ni wauaji wenye bunduki.

"Shukeni! Fungua mufuko!"

Clovis hakushuka. "Ondoeni mikono. Hii haiguswe."

Mmoja akauvuta. Clovis akampiga ngumi ya mdomo. Panga la kwanza lilimkata begani, la pili shingoni. Serge alimlalia juu, akipigwa mateke ya mbavu, akipiga kelele jina la mama yetu na jina la kijiji chake, mpaka mzee mmoja akasema, "Acheni! Huyu ni mutoto wa Apolline!" Wakafungua mfuko. Wakaona saksofoni.

Bulaimu alifika akikimbia, akakaa chini katikati ya barabara. Walimwambia apige gogo kutangaza kifo. Akajibu, "Nipige nini? Mumeshasikia."

Walimleta Clovis Jumapili baada ya misa, amefungwa ndani ya mkeka juu ya pikipiki, na wanaume sita wa kijiji kile nyuma yake. Vijana wa fanfari walikuwa wakiwangoja uani na vyuma. Mimi mwenyewe nilikuwa nimeomba moto ushuke juu ya kijiji kile. Niliomba hivyo kanisani, mbele ya tabernakulo.

Mama alitoka. "Nani alimukata?"

Mwanamume mmoja, Iliasi, aliweka panga chini mbele ya miguu yake. "Ni mimi, mama."

Faradji alimrukia na chuma. Niliusikia mkono wa Iliasi ukivunjika. Faradji akainua chuma tena, safari hii juu ya kichwa, na mama akajitupa, akamlalia Iliasi kama Serge alivyomlalia Clovis.

"Piga basi!" akasema mama. "Kwanza bwana yangu, kisha mutoto wangu. Sasa ni zamu ya nani? Nitajie mutu!"

Faradji aliangusha chuma, akalia kwa sauti. Mama akainuka, akamwambia Iliasi, "Chukua jembe. Utachimba."

Tulimzika siku ileile saa kumi, katika makaburi ya parokia. Iliasi alichimba kwa mkono mmoja, na wenzake watano wakachimba naye. Padri alibariki kaburi. Serge alipiga mwanzo wa wimbo wa saba kwa tarumbeta, na pale saksofoni ilipotakiwa kuingia alinyamaza, akahesabu, akaendelea. Bulaimu hakupiga kitu. Tulisali Baba Yetu. Tulipofika "kama sisi tunavyowasamehe," sikuweza kusema, wengine wakasema. Mama alitupa udongo kwanza, kisha mimi, kisha Bulaimu, kisha Iliasi. Saksofoni tuliirudisha katika kabati la parokia, tukaenda nyumbani.