Nguvu Nilizomficha Munganga

Asanteni kunipa nafasi ya kusema. Wengi wenu mmekuja hapa hospitali na mgonjwa, na wengine ndio wagonjwa wenyewe. Mimi naitwa Wilondja. Mnaona natembea na fimbo. Goti hili la kushoto halinyooki vizuri, na sikio hili halisikii, kwa hiyo aliyekaa upande huu akitaka kuuliza, apaze sauti. Nitawaambia ilivyokuwa, pamoja na sehemu ya aibu, maana pengine hiyo ndiyo itakayowasaidia.

Ilikuwa wakati wa Wabelgiji, miaka michache kabla ya uhuru. Nilikuwa na mke, Feza, na watoto wawili. Tulikaa kijijini, chini ya mlima wa kupandia Fizi. Tulilima muhogo wetu, tena tulilima pamba ya Serikali, kwa sababu kila mwanaume alipewa kipande chake kwa lazima. Nilikuwa na nguvu. Gunia la muhogo nililibeba kichwani mpaka soko la Baraka bila kulitua njiani.

Lakini nilikuwa mtu wa kushuku. Nilipokuwa mdogo, mtu mmoja alikuja kijijini na karatasi. Alimwambia baba akunje mkono, ainue jiwe, akimbie kidogo. Baba alifurahi kuonyesha nguvu zake. Akaandikwa. Haikupita wiki, akapelekwa kwenye migodi. Aliporudi alikuwa anakohoa damu, na hakumaliza mwaka. Tangu hapo mimi na yaya yangu Asukulu, kaka yangu mkubwa, tulishika jambo moja: mtu akikupima na akaandika, kuna kitu anakitafuta kwako.

Ugonjwa ulinikuta katika pamba, wakati wa kiangazi. Kichwa kilianza kugonga asubuhi. Saa sita mchana shingo ilikuwa ngumu kama mti, sikuweza kuangalia miguu yangu. Jua liliniuma machoni. Nilitapika mpaka ikabaki nyongo. Feza aliniita, nikamsikia kama yuko ng'ambo ya ziwa. Baada ya hapo sikumbuki kitu. Wananiambia nilipiga kelele, nilijikojolea, na wanaume wanne wakanibeba kwa kipoyi, machela ya miti, mpaka hospitali ndogo ya Baraka.

Daktari mzungu alikuwa akipita mara chache tu. Kazi ya kila siku ilikuwa mikononi mwa munganga mmoja mweusi, yaani muuguzi wa hospitali, Anselmi, mtu wa Kasongo. Ndiye aliyenilaza ubavu, akanikunja kama mtoto tumboni, akanichoma sindano katika uti wa mgongo. Feza aliona maji yakitoka, machafu kama maji ya kuoshea mchele. Alipiga yowe. Siku zile kila mtu alizungumza habari za batumbula, watu waliosemekana wanakamata wenzao na kuwauza waliwe. Feza aliwaza: hawa wanamtoa mume wangu maji ya uhai.

Yalikuwa maji ya ugonjwa, homa ya uti wa mgongo. Lakini nani angemwambia akaamini?

Walinichoma penisilini siku nyingi. Nilipofungua macho, siku kumi na mbili zilikuwa zimepita. Sikio moja lilikuwa limekufa. Miguu ilikuwa kama migomba iliyokatwa, iko pale lakini si yangu. Mkono wa kushoto ulikuwa umejikunja. Juu ya makalio nilikuwa na kidonda cha kulala, ukubwa wa kiganja, na harufu yake ilinifikia mwenyewe. Feza alinifuta mavi, akanilisha uji, akanigeuza. Nililia kwa aibu.

Hapo Anselmi akaanza mambo yake.

Kila asubuhi alikuja na kaye, lile daftari la shule, na kalamu. Hakuuliza kwanza kama naumwa. Aliuliza: "Leo unaweza kugeuka weye peke yako? Unaweza kushika kikombe? Unasikia mukojo mbele ya kutoka?" Alichukua kamba yenye mafundo, akapima goti linanyooka mpaka wapi. Aliniambia nimbane vidole viwili kwa nguvu zangu zote. Halafu akaandika.

Siku ya tatu alimnyang'anya Feza kijiko.

"Mama, usimulishe tena. Umuwekee kijiko mu mukono."

"Atakufa njaa, munganga!"

"Atamwaga. Kumwaga si kufa."

Nilimwona Feza anavyomwangalia. Mchana Asukulu alikuja kuniona. Feza akamweleza yote, kaye, kamba, vidole. Yaya akasogeza mdomo kwenye sikio langu zima.

"Huyu muntu iko napima nguvu yako. Umesahau baba?"

"Sijasahau."

"Basi usimuonyeshe kitu. Akiona hauna nguvu, batakurudisha kwetu. Kule tutakutunza siye."

Nikakubali. Kesho yake Anselmi alinipa vidole vyake. Mkono wangu wa kulia ulikuwa umeanza kupata nguvu, nilijua. Nikaulegeza. Akaniambia niinue mguu. Nilisikia paja linataka kuitika, nikalizuia.

"Siwezi, munganga."

Akaandika.

Nikakaa hivyo, wiki ya kwanza, ya pili, ya tatu. Siwezi, siwezi, siwezi. Alipotoka, Feza alinilisha kwa siri. Siku moja nikamwona mlangoni na monitere wa pamba, yule aliyekuwa akipita mashambani kukagua kazi ya kila mwanaume. Walizungumza. Monitere alinyoosha shingo, akanitazama pale kitandani, akacheka kidogo. Moyo wangu ukasema: unaona sasa? Ni wao kwa wao.

Kumbe mwili nao ulikuwa unasikiliza. Goti la kushoto, nililolilaza limekunjwa ili nionekane mlemavu, lilikuwa linakauka. Asubuhi moja nilijaribu kulinyoosha mwenyewe, chini ya blanketi, hakuna mtu anayeona. Halikwenda. Nilisukuma mpaka jasho likanitoka. Halikwenda. Safari hii "siwezi" ilikuwa ya kweli, na niliogopa kuliko nilivyoogopa homa.

Sikumwambia mtu. Siku ileile Feza alileta chai ya moto. Aliinama kuiweka, sufuria ikateleza kuelekea miguu yake. Mkono wangu wa kulia ukaruka wenyewe na kuidaka. Nilipoinua macho, Anselmi alikuwa amesimama kando ya kitanda cha jirani. Alikuwa ameona. Aliandika, akaenda.

"Tumekwisha," nikamwambia Feza. "Uniletee ile kaye. Nataka kujua ameandika nini."

Feza hakujua kusoma, mimi nilifundishwa kidogo na katekista. Anselmi alipokwenda kula, Feza aliitoa mezani, akaileta ndani ya kikwembe alichojifunga. Ilikuwa kwa Kiswahili, maana wasaidizi wake hawakujua Kifaransa. Nilitafuta jina langu, nikaliona. Nilitafuta neno pamba, neno migodi, neno Serikali. Hayakuwemo. Palikuwa na mistari ya kila siku: kula, kuoga, kugeuka, kidonda, goti. Ukurasa wa mwisho, wino haujakauka sawasawa, niliusoma kwa kidole, neno kwa neno:

"Mkono wa kuume una nguvu. Anaficha. Goti la kushoto linakauka, tukichelewa halitanyooka tena. Anaogopa nini? Nimuulize. Nilipaswa kumuuliza mapema."

Bado nilishuku. Niliwaza, labda ameandika hivi akijua tutaiiba. Nilikuwa bado na kaye mkononi Anselmi aliporudi. Feza akasimama kati yetu, kana kwamba munganga angenipiga.

Hakunipiga. Alivuta kigoda, akakaa.

"Umesoma?"

"Nimesoma."

"Basi uniambie. Unaogopa nini?"

Nilimweleza habari za baba, tangu lile jiwe mpaka damu. Alisikiliza akiangalia chini.

"Na monitere?" nikauliza. "Mulisema nini mulangoni?"

"Aliniuliza kama utarudia pamba mwaka huu. Nilimujibu: huyu ni mugonjwa wangu, si mulimaji wako."

"Nitajuaje kama unasema kweli?"

"Hauwezi kujua," akasema. "Hata nikiapa, utasema naapa bure. Kaye ubaki nayo weye. Kila asubuhi nitakupima, na utaandika weye mwenyewe. Siku unashuku, uichome moto. Lakini goti haliwezi kungojea mpaka uniamini."

Akaondoka bila kaye yake.

Asukulu alipokuja alikasirika. "Amekudanganya na karatasi!" Nikamwambia: "Yaya, pengine. Lakini mguu ni wangu, na unakufa." Alitoka bila kuaga, na siku nane hakurudi.

Kazi ilianza kesho yake. Anselmi aliweka mifuko ya mchanga juu ya goti, mizito kidogo kila siku. Nililia kama mtoto, nikamtukana kwa Kibembe, yeye hajui Kibembe, akasema, "Asante, baba." Nilijifunza kugeuka kwa kushika ukingo wa kitanda, kila mara jua likihama dirisha moja kwenda jingine, na kidonda, kilichooshwa kwa maji ya chumvi, kikaanza kuota nyama nyekundu. Nilijifunza kumpa Feza ishara kabla ya mkojo. Uji nilimwaga kifuani, shingoni, sikioni. Feza alikalia mikono yake ili asinisaidie, machozi yakimtoka. Nawaambia, kunilisha kulikuwa kazi nyepesi kwake. Kungoja ndiko kulikomchosha.

Na mimi niliandika. "Leo nimekaa, nimehesabu mpaka mia." "Leo nimenawa uso." "Leo hakuna." Hiyo ya "leo hakuna" niliiandika mara nyingi. Siku niliyofika mlangoni kwa fimbo mbili, niliandika mbiombio, na mwandiko wake hata mimi siusomi.

Goti likanyooka, ila si lote. Yale mafundo mawili ya mwisho ya kamba hayakurudi. Nilimuuliza Anselmi kama ni kwa sababu ya zile wiki tatu. Angeweza kunidanganya ili nifurahi. Akasema, "Ndiyo." Siku ile ndipo nilipomwamini.

Nilirudi nyumbani. Asukulu alinipokea, akaangalia ninavyotembea, akaingia shambani kwangu akalima pamoja na Feza mpaka mvua zikaanza. Juu ya Anselmi hakusema kitu tena, baya wala zuri. Mwaka ule hakuna aliyenidai pamba. Ni kwa neno la Anselmi, au walinisahau tu, mpaka leo sijui.

Baadaye alihamishiwa Kazimia. Nilikwenda pwani ya Baraka kumuaga, kwa fimbo moja. Alinipa mkono, na nikasikia vidole vyake vinangoja, palepale, kati ya watu na mizigo ya samaki. Alikuwa ananipima. Nikavibana mpaka akasema, "Aa, baba, inatosha!" akacheka.

Namshukuru Mungu, namshukuru yeye popote alipo, namshukuru Feza. Ninyi wagonjwa, mkiwa na hofu, muitoe mdomoni. Mwulizeni anayewatibu, hata kwa ukali. Msifanye kama mimi niliyeficha hofu kwa kujilaza, maana mwili ukiufundisha kulala unajifunza upesi. Na ninyi mnaouguza: nimeona asubuhi hii mama mmoja anamlisha mume wake, na mkono wa yule baba unachezacheza juu ya blanketi. Mama, mwachie kijiko. Atamwaga. Wewe kaa karibu, na kitambaa.