Shati la Siku ya Zamu

Sisi wa tiba kazi hatuanzi na sindano wala vidonge. Tunamkuta mtu aliyepooza, tunakaa naye, tunamuuliza: unataka kurudi kufanya nini? Nilifundishwa swali hilo mwaka wa kwanza chuoni, nikalikariri kama sala ya kabla ya kula. Kuuliza ninajua sana. Taabu yangu ni masikio.

Nilipanda mlimani hadi kijiji cha Bombo nikitokea Same, mwanafunzi wa mwaka wa mwisho, fomu zangu za utafiti nimezifunga kwenye mfuko wa nailoni zisilowe. Mzee wa kwanza kwenye orodha alikuwa amepigwa na kiharusi. Mkono wa kulia ulikuwa umelala, na mguu aliuburuta. Mkewe alinipa chai, mzee akaitikia shikamoo yangu kwa ulimi mzito, nikauliza swali langu.

"Kufungua ndiva," akasema, papo hapo.

Ndiva ni bwawa la udongo linalokusanya maji ya kijito. Asubuhi mtu huchomoa mti mrefu ulioziba tundu, maji yakashuka mferejini, kila shamba kwa zamu yake. Mzee ndiye aliyekuwa mfunguaji. Kamati ya maji ilikuwa imemshikia nafasi mpaka vuli. Asipoweza, apewe mwingine. Alinieleza yote hayo huku kidole cha kushoto kikichora mfereji mezani.

Na mimi kwenye fomu, penye lengo la mgonjwa, nikaandika: "Kuvaa shati mwenyewe."

Jamani, nimsingizie nani? Si kwamba sikuelewa. Mimi ni mtoto wa kijiji cha Kileo, nimekulia kwenye mifereji, nimeona ndugu wa tumbo moja wakinuniana mwaka mzima kwa sababu ya zamu ya maji. Ila nilimfikiria msimamizi wangu mjini, nikamwona akishusha miwani: ndiva ndiyo nini? Nikaona haya. Chuoni nilijitahidi sana nisionekane wa shamba, mpaka lafudhi nikaisugua. Mama yangu akinisikia kwenye simu alikuwa akinitania kwamba mwacha asili ni mtumwa, nami nacheka. Shati kila mtu analijua. Shati lina vifungo sita, mtu anaweza kuvihesabu.

Basi tukafanya shati, wiki baada ya wiki. Mkono mgonjwa uingie kwanza, kisha kola, kisha mkono mzima. Alinitii, mzee mzima aliyekuwa akisubiriwa na mashamba yote yale! Mara mbili aliniuliza, "Na ule mti wa ndiva, tutaanza lini?" Nikamjibu, "Taratibu baba, haraka haraka haina baraka." Loo! Hata methali ya watu nikaitumia kudanganyia.

Siku alipofunga kifungo cha sita mkewe alipiga vigelegele. Nilipowasilisha chuoni ukumbi ulinipigia makofi, msimamizi akasema utafiti ndio huo. Nilivimba kichwa, usiniulize.

Mwaka uliofuata nilirudi kumsalimia, cheti ninacho. Nilimkuta asubuhi amekaa barazani, shati jeupe, vifungo vyote sita. Nikafurahi, mjinga mimi. "Baba, umependeza! Mnaenda kanisani?"

Ilikuwa Jumanne. Mzee aliangalia mfereji. Mkewe ndiye aliyejibu, kwa sauti ya chini: ndiva alishapewa mtu mwingine tangu vuli ile, na siku ya zamu ya upande wao mzee huamka, huvaa shati lake mwenyewe, hukaa hapo mpaka maji yaishe kupita.

Nikaomba kupelekwa huko juu kwenye ndiva. Mfunguaji mpya, jirani yao, aliliziba tundu tena ili nijaribu. Mkono wangu wa kulia niliuweka mgongoni. Nikafunga kamba kwenye ule mti, nikamwomba achimbie kigingi ukingoni ili niegemee nisianguke, nikavuta kwa mkono wa kushoto. Mara ya kwanza haukutoka. Mara ya tatu tundu likazibuka, maji yakanirukia mpaka kifuani. Kamba na kigingi, basi. Jirani akaniangalia, akasema, "Kumbe ilikuwa inawezekana?" Nilitamani ardhi ipasuke.

Niliteremka nimelowa. Nikapiga magoti mbele ya mzee nikamwambia kila kitu: nilichokiandika kwenye fomu, na kwamba hakuna aliyenilazimisha, nilimwonea aibu yeye na ndiva yake kama nilivyojionea aibu mimi mwenyewe. Nilidhani atanifukuza, na ningeshukuru.

Alinigusa kichwani kwa ule mkono mzima.

"Mwanangu," akasema, "mimi nilidhani unaniuliza kweli."