Masale Niliyoyang'oa

Chuo chetu ni kidogo kiasi kwamba wageni wengi hukipita bila kukiona. Wanatoka Arusha mjini, wanafika Makumira, wanakuta chuo kikubwa cha Walutheri, wanaingia humo na kuulizia misa. Wanaelekezwa kwa upole warudi nyuma kidogo, wapande barabara ya vumbi kuelekea mlimani mpaka waone msalaba juu ya bati la kijani. Hapo ndipo kwetu. Mimi ni mkutubi wa chuo hicho, nimekaa hapo kuliko padre yeyote, na wanafunzi wananiogopa kwa sababu siwezi kuvumilia mtu anayekunja ukurasa.

Jubilei ilipokaribia, Padre mkuu wa chuo aliniita akaniomba niandike historia yetu, kijitabu cha kugawa siku ya misa. Nilikubali kabla hajamaliza kusema. Wiki kadhaa nilikaa na majalada yaliyoliwa na mchwa, na nakiri nilikuwa na furaha kubwa. Niligundua kwamba chuo kilianza kama darasa moja la makatekista. Niligundua kwamba maktaba yangu ilikuwa ghala la kahawa, ndiyo maana siku za mvua kuta zake hutoa harufu ambayo kila mwaka nilikuwa nikiwasingizia wafagiaji. Kapela ilijengwa kwa mawe yaliyobebwa kichwani kutoka mtoni, na wengi wa waliobeba walikuwa Walutheri wa jirani ambao hawakuwahi kusali humo hata siku moja.

Katika majalada hayo nikakuta barua ya padre wa kwanza. Aliandika kwamba ardhi ya chuo inashuka "hadi mfereji". Maneno hayo mawili ndiyo yaliyoniponza.

Mfereji upo. Unateremka kutoka Mlima Meru, unapita upande wa chini wa chuo, kisha unaelekea kwenye migomba ya watu. Ila kati ya kapela na mfereji kulikuwa na mstari wa masale, ile mimea yenye majani marefu ya kijani, na baada ya masale palikuwa na ukanda wa hatua tatu tu wenye kahawa na migomba. Ukanda huo ulilimwa na bibi jirani yetu, Mmeru, mjane, Mlutheri wa kuimba kwaya mpaka uzeeni. Miaka yote nilidhani chuo kilimwachia alime kwa huruma. Hakuna aliyeniambia hivyo, niliamua mwenyewe.

Kamati ya jubilei ilitaka ukuta wa matofali ya simenti. Mhasibu akauliza mpaka wetu unaishia wapi. Nikainua barua yangu nikasoma: hadi mfereji. Wote wakanigeukia kwa heshima, na siwezi kudanganya, nilijisikia mtu. Mmoja akauliza kuhusu masale.

"Hayo ni maua ya mapadre wa zamani," nikasema. "Yameota hovyo tu."

Jumamosi nilisimamia mwenyewe kazi ya kuyang'oa. Mtunza bustani alikuwa akivuta polepole sana, nikakasirika, nikaingia na mikono yangu. Kufikia saa nne asubuhi eneo lote lilikuwa jeupe kama kichwa kilichonyolewa. Jumatatu mafundi wakaanza kuchimba msingi kandokando ya mfereji, katikati ya kahawa ya bibi.

Bibi alikuja na jembe lake begani. Hakupiga kelele. Alitazama msingi, akatazama pale masale yalipokuwa, akageuka akaenda zake. Kesho yake nilikutana naye njiani, nikamwamkia, "Shikamoo bibi." Akapita. Huku kwetu hata mtu mliyegombana naye huitikia marahaba, iwe kwa mdomo wa pembeni. Nilisimama pale na shikamoo yangu, nikaumia kuliko nilivyotegemea.

Nilikwenda kumlalamikia mtunza bustani, ambaye naye ni Mmeru.

"Mwalimu," akaniambia, "yale hayakuwa maua. Yale ni mpaka."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ulikuwa umeshika barua."

Akanieleza. Mfereji wa zamani ulipita juu, palepale kwenye masale, ukahamishiwa chini baada ya kapela kujengwa. Aliyewapa mapadre ardhi ni baba mkwe wa bibi, na ndiye aliyepanda masale yale, yeye akishika ncha moja ya kamba na padre akishika ya pili. Hatua tatu za chini hakuzitoa. Wote walioshuhudia wamekufa. Amebaki bibi, aliyekuwa bibi harusi mgeni pale nyumbani wakati huo, na wanawe wako Dar es Salaam tangu ujana wao.

Marehemu baba yangu alikuwa Mchaga wa Kibosho, lakini mimi nilikulia Elerai, mjini Arusha, kwenye ua wa simenti. Habari za isale, yaani mmoja wa mimea hiyo, nilizijua nusu. Baba alitusimulia kwamba ukimkosea mtu unamchukulia jani la isale lililofungwa fundo, na yeye hawezi kukukatalia msamaha. Kwamba mmea huohuo ndio unaotenga shamba na shamba, hakutuambia, au alituambia nikiwa sisikilizi.

Basi nikaamua kwenda. Kwenye kona ya mbali lilibaki isale moja ambalo mikono yangu haikulifikia. Nikakata jani zuri, nikalifunga fundo, nikavuka mfereji.

Bibi alikuwa uani anachambua maharage. Nilipiga magoti, nikamnyooshea jani kwa mikono miwili. Hakulipokea.

"Umelikata wapi?"

"Pale kwenye kona, bibi."

Alinitazama muda mrefu. Kisha akaanza kucheka, akacheka mpaka ungo ukapinduka na maharage yakatawanyika.

"Mama wa vitabu! Umeng'oa mpaka wangu, halafu unakuja kuniomba msamaha kwa kipande cha mpaka wangu?"

Nililia. Nililia kwa aibu, na pia kwa hasira juu yangu mwenyewe, maana usomi wote ule haukunisaidia hata kuchagua jani. Bibi akalichukua mkononi mwangu.

"Isale halikataliwi," akasema. "Wewe nimekusamehe. Ule ukuta sijausamehe." Akaokota maharage mawili matatu kabla ya kuendelea. "Wala si kahawa inayoniuma, mwanangu. Siku zangu zimebaki chache. Wanangu wakija kunizika watakuta ukuta, watadhani hapo ndipo. Mimi nikishaondoka, nani atajua?"

Kwa Padre kulikuwa kugumu zaidi. Nilimkuta anakunywa chai, nikamweleza yote nikiwa nimesimama. Akasema matofali yameshanunuliwa. Nikamjibu kwamba matofali hayajui yanajengwa wapi. Akatikisa kichwa.

"Utawaambia kamati mwenyewe," akasema.

Niliwaambia. Waliokuwa wamenigeukia kwa heshima safari ile waliangalia vikombe vyao.

Msingi ukafukiwa. Mtunza bustani akafukua masale kutoka shimo la mbolea, akakata yaliyokuwa bado mabichi, nasi tukapanda upya. Bibi aliletewa kiti akakaa na fimbo yake, akinionyesha. Mashimo yote nilichimba mimi, hakutaka mtu anisaidie. Alinilazimisha nihesabu hatua kwa sauti kutoka kona ya kapela hadi isale la kwanza, kisha hadi la pili, mpaka mwisho. Nilipokosea alinirudisha mwanzo. Wiki zilizofuata, kila aliponiona njiani aliniuliza tena, hata mbele ya wanafunzi, nao wakafurahi sana kuona mkutubi anapewa mtihani. Nilidhani ananitania. Shikamoo zangu alikuwa ameanza kuziitikia.

Ukuta ulijengwa nyuma ya masale, upande wetu wa kapela. Katika kijitabu niliandika habari za baba mkwe wa bibi na kamba yake, na za waliobeba mawe. Bibi alipelekewa nakala. Akasema macho yake hayasomi tena, lakini karatasi ni nzuri.

Masika yaliyofuata akafariki. Wanawe wawili walikuja kutoka Dar es Salaam, watu wazima wenye mvi, viatu vyao vimejaa tope letu. Siku mbili baada ya mazishi walikuja maktaba. Yule mkubwa alivua kofia.

"Shikamoo mama," akasema. "Tumekuja utuonyeshe mpaka. Mama aliacha neno kwamba tukuulize wewe, tusimuulize mtu mwingine."

Nilichukua funguo zangu mezani. Kisha nikafunga maktaba mchana, wanafunzi wakiwa wamepanga foleni na vitabu mikononi, nikawaongoza hadi kona ya kapela.